Moto Uani kwa Mama Mwantum

Mwanza, 20 Januari 2025

Dada Assia,

Nakusalimu wewe na mama yako, na wote walio chini ya paa lenu. Huku mvua inanyesha asubuhi na jioni, na yale mawe makubwa ya Mwanza yanang'aa kama migongo ya viboko waliopanda nchi kavu. Mimi ni mzima. Bado niko kwenye duka la dawa, nauza dawa za kikohozi na kusikiliza magonjwa ya watu.

Utashangaa kupata barua wakati namba yako ninayo. Nimeibonyeza mara nyingi nikakata kabla haijaita. Sijui sauti yako ikicheka inakuwaje, wala ikikasirika. Tumeonana siku moja tu, kwenye msiba wa mama yangu. Ulisimama karibu na lango, mtandio mweupe kichwani, Baba akaninong'oneza, "Yule ni dada yako. Mtoto wangu wa kwanza." Kisha akageuka kupokea mkono wa mgeni mwingine, na hakulirudia tena neno hilo.

Dada, ninaolewa. Mchumba anaitwa Nimesh, ni mtu wa hapa Mwanza, mpole, anacheka kwa mabega. Kwa desturi yetu Wahindu ndoa hufanyika kwao bibi harusi, na mimi kwetu ni Bujumbura. Tena bila moto hakuna ndoa. Ni moto mdogo tu, unakaa katika chombo cha shaba, unalishwa samli na vijiti, na maharusi wanauzunguka. Huo ndio shahidi wetu.

Nimesikia huko siku hizi moto wa sherehe unataka ruhusa ya watu wa zimamoto. Nikimpigia Baba anapokea, namsikia anapumua, basi. Ndugu zake wote wamehama nchi. Nimebaki na wewe. Ningependa iwe tarehe 24 Mei, katika uwanja wa ghala lake kule Zone Industrielle, eneo la viwanda. Nilipokuwa mtoto nililala pale juu ya marobota ya pamba, na mpaka leo nikiota nyumbani naota pale: vumbi la pamba linaelea kwenye mwanga na hakuna kinachotua chini.

Utanisaidia?

Mdogo wako,
Jigna


Buyenzi, 11 Februari 2025

Mdogo wangu Jigna,

Waalaikum salaam, ingawa hukuandika hivyo. Barua yako ililala mpakani Kobero kwa sababu basi lilikosa mafuta ya mazuti, ikanifikia inanuka mizigo ya watu. Sisi tupo. Magoti ya Mama yanamuuma wakati wa mvua. Nyumba ya jirani imejaa wageni waliovuka kutoka Kongo, watoto wao wanacheza mbele ya duka langu. Bado nauza vipuri, breki na mikanda ya injini, na mafundi wa mtaa mzima wananiita Mama Breki.

Hongera kwa uchumba. Nilikaa na barua yako siku kadhaa bila kujua niiweke wapi ndani ya nyumba.

Nimekwenda kwa pompie, hao watu wa zimamoto. Mkubwa wao anaitwa Komanda Népomuscène, mtu mrefu wa sauti ya chini. Nikamweleza. Akauliza:

"Huo moto ni ya kupika?"

"Apana, Komanda. Ni wa kushuhudia."

"Unashuhudia nini?"

"Kwamba hao wawili wanasema kweli."

Akavua miwani. "Mi nimezima moto maisha yangu yote. Sijasikia hata mumoja yenye kushuhudia." Lakini hakucheka. Alitaka kujua ni wapi, na nilipomtajia ghala akatikisa kichwa kabla sijamaliza. "Pale depo za mafuta ziko karibu. Apana, mama." Nikamtajia nyumba ya Baba mtaa wa Asiatique, ghorofani. Akasema chini ni maduka ya vitambaa, na siku hizi esansi, yaani petroli, imekuwa adimu, kila mtu anaficha dumu, bidoni yake, chini ya kitanda. Cheche moja tu, karitie, mtaa wote, inakwenda.

Tafuta mahali pengine uniambie.

Baba hajambo. Anakula vizuri. Anakusalimu.

Mama hajui kwamba tunaandikiana.

Assia


Mwanza, 27 Februari 2025

Dada Assia mpendwa,

Asante kwa miguu yako. Natumaini magoti ya mama yanaendelea vizuri; namtumia mafuta ya kuchua, sema umeyanunua sokoni. Hapa mama yake Nimesh amekuja kupima vitambaa, nyumba imejaa nyekundu na dhahabu, nikifumba macho bado naona nyekundu.

Jaribu ile hoteli yenye bustani kando ya ziwa. Au uwanja wa hekalu letu. Mama mkwe ananiuliza kila siku ruhusa imefikia wapi na nani anayeishughulikia huko. Nimemwambia yupo mtu wetu.

Unasema Baba ananisalimu. Ananisalimu kwa maneno gani? Niandikie jinsi alivyosema. Juzi nilimpigia tena. Nikamwambia kwa Kigujarati, "Baba, ni mimi, sema chochote." Nilisikia kiti kikilia, na ndege dirishani, na pumzi yake. Nikakaa nikiisikiliza hiyo pumzi mpaka salio likaisha.

Jigna wako


Buyenzi, 18 Machi 2025

Jigna,

Tumo ndani ya Ramadhani. Mchana mtaa unakuwa kama uliozama majini, nyundo za mafundi zinalia polepole, watu wanapita bila kuonekana kugusa ardhi. Mama anafunga ingawa daktari amemkataza.

Mimi, mtu wenu, nimefika hotelini. Paa zote za bustani ni za nyasi, Komanda amekataa. Hekaluni wanakarabati, uwanja umejaa mbao na mapipa ya rangi. Amekataa pia.

Nilimuuliza basi anataka nini. Akasema anataka mahali pa udongo, pasipo na paa, penye ukuta na maji ya karibu, na majirani wote wakubali. Pia anataka mwenye moto: mkazi wa mji huu atakayesimama kando ya huo moto tangu uwashwe mpaka majivu yapoe, asiondoke hata kidogo. Likitokea la kutokea, ndiye atakayejibu.

"Muko na mutu kama huyo?" akaniuliza.

Nikamwambia nitatafuta.

Salamu za Baba nimekufikishia kama nilivyoweza.

Assia


Mwanza, 5 Aprili 2025

Dada,

Idd imepita na sikupata neno kutoka kwako. Nimeisoma barua yako mpaka mikunjo inataka kukatika. Najua ni neno gani limekuumiza, lile "mtu wetu". Mkono uliandika kabla ya moyo, na basi lilikuwa limeshaondoka. Nisamehe.

Watu wa Nimesh wanasema tuache, tukodi ukumbi hapa Mwanza, moto upo wa gesi, unawashwa kwa kitufe. Nimesh mwenyewe ananiambia, "Utakapo wewe ndipo nitakapo." Lakini usiku uliopita niliota nauzunguka moto na sioni mtu upande wa pili. Kwetu, kila bibi harusi anapozunguka, kaka yake humwekea nafaka mkononi ili azitie motoni. Maana yake, ninakwenda lakini nyuma yangu yuko mtu. Mimi sina kaka. Mama mkwe anasema watanikodia mtoto wa jirani.

Kuhusu hao watu na wewe, kuna jambo nitakueleza tukionana. Karatasi hainitoshi.

Ila niambie kweli ya Baba. Nauza dawa, dada. Watu wanaosema "hajambo" nawaona kila siku.

Jigna


Buyenzi, 29 Aprili 2025

Mdogo wangu,

Kaa chini ndipo usome.

Baba alipata kiharusi mwezi wa Desemba. Mtumishi wake alinijia dukani anakimbia, nikafunga, nikaenda. Ilikuwa mara ya kwanza kupanda zile ngazi. Mguu na mkono vimerudi kwa sehemu kubwa. Ulimi nao umerudi, ila si wote. Kigujarati kimemtoka. Kifaransa pia. Ukimpigia anaelewa kwamba ni wewe, lakini maneno yako yanampita kama redio ya nchi nyingine, na anaona haya. Alinishika mkono nisikwambie kabla ya harusi, nikakubali. Sasa nimevunja ahadi.

Kilichobaki ni Kiswahili. Tena si kile cha dukani. Ni cha Buyenzi, cha nyumba yetu, alichojifunza akiwa kijana kabla wazee wake hawajamletea mama yako kutoka Gujarat. Anasema "apana", anasema "mutoto yangu". Kila siku nampelekea uji, ananiita kwa jina nililoitwa kabla sijajua kutembea. Nilikuwa sijui kwamba analikumbuka.

Nilimweleza Mama. Alikuwa anachambua mchele, mikono ikasimama. Tangu Baba aondoke hapa, Mama hajakanyaga Asiatique hata kununua sindano. Akauliza, "Anaongea kama zamani?" Nikamwambia ndiyo. Nikamweleza kuhusu moto na kuhusu wewe, nikamwambia najua mahali pamoja tu pa udongo, penye ukuta na bomba, ila si pangu kupatoa. Akaingia ndani na ungo wake wa mchele.

Asubuhi nilimkuta uani, na magoti yale, anafagia. Alihamisha kuku, akahamisha jiko, akang'oa hata kamba ya nguo. Hilo ndilo jibu alilonipa.

Komanda alikuja mwenyewe kupaangalia. Akapima kwa macho, akagusa ukuta, akafungua bomba. Kisha akatazama nje, gereji kushoto, gereji kulia.

"Mama, hapa mafuta iko kila pembe."

Bonfils, fundi wa jirani, akatoka chini ya gari. "Komanda, mafuta inabebwa. Siku hiyo tunaihamisha yote, hata ya kwenye kopo."

"Na wewe ni Muislamu?"

"Mi Mukatoliki. Lakini huyu ni Mama Breki."

Wakaja wengine, wenye kofia za swala na wenye rozari, wote wakasema hivyohivyo. Komanda akanigeukia. "Mwenye moto ni nani?"

"Ni mi."

"We ni nani wake bibi harusi?"

Jigna, nimeuza breki kwa watu wakali, hakuna aliyewahi kuniuliza hivyo. Nikasema, "Dada yake." Akaniangalia kidogo, akatia sahihi.

Ruhusa unayo. Ni uani kwa mama yangu, Buyenzi. Kama watu wa Nimesh hawawezi kuingia humo, niambie mapema.

Assia


Mwanza, 12 Juni 2025

Dada yangu Assia,

Salamu kwako, kwa Mama, kwa Baba, kwa Bonfils na mafundi wote. Nimeshakuwa mke wa mtu na bado mikono yangu ina hina. Nikiamka nahisi niko kwenu, nasikia ufagio.

Tulikuwa pamoja siku nzima na hatukupata nafasi ya kusema, ndiyo maana narudia karatasi. Yapo yaliyosemwa kwa Kigujarati mbele yako, na una haki ya kuyajua.

Unakumbuka tulivyoingia mtaani? Njia nzima ilikuwa imefagiliwa na kumwagiwa mchanga. Nilikuwa nimeona, tukiwa bado kwenye gari, msururu wa wanaume wamebeba bidoni za njano kuelekea mtaa wa pili, kimya, kama wanaosindikiza kitu. Gereji zote zilikuwa zimefungwa. Mama mkwe akashika mkono wangu, "Hawa wote ni akina nani?"

Moto ulipowaka, jua lilikuwa kali hata mwali hauonekani. Hewa tu ndiyo ilikuwa inacheza, na nyuso za watu upande wa pili zinayumba kama ziko chini ya maji. Wewe ulikuwa hapo, karibu kuliko wote, ndoo ya mchanga miguuni. Ndipo mama mkwe alipoinama sikioni kwangu: "Yule mwanamke wa mtandio ni nani? Mwambie arudi nyuma, hapa ni mahali pa familia." Nikanyamaza, dada. Hilo ndilo jambo ambalo karatasi haikunitosha. Nilikuwa sijawaambia. Waliuliza ukoo wetu tangu mwanzo, nami nilitaja majina yote ila lako.

Alipoona nimenyamaza, akamtuma mjomba wake Nimesh, na huyo ulimsikia mwenyewe kwa Kiswahili: "Dada, tafadhali kaa kule nyuma." Na ulimsikia Komanda mlangoni: "Huyu haondoki. Kwa sheria moto ni yake. Akitoka hapo, mi nauzima." Maharaji, kuhani wetu, akaacha kusoma. Watu wote wakageuka.

Mama mkwe akauliza kwa sauti, kwa Kigujarati, "Kwani yeye ni nani hata moto uwe wake?" Baba hakuelewa maneno, lakini uso aliuelewa. Ulimwona alivyojiinua kwenye kiti akitegemea bega la Nimesh. "Huyu mutoto yangu," akasema. "Wa kwanza. Na hapa munakanyaga, ni kwa mama yake."

Nimesh ndiye aliyemtafsiria mama yake, neno kwa neno, bila kupunguza. Nilimpenda upya hapohapo. Nami nikaona nisipotoa sauti sasa sitaitoa tena maishani. Nikakunyooshea sahani ya nafaka.

Ulisita. Nilijua unafikiria dini yako, nikawa tayari kuirudisha sahani. Kisha ukaisogeza ndoo kando, ukanawa mikono kwa maji uliyoletewa hapohapo, na kila nilipozunguka niliukuta mkono wako. Adhana ya alasiri ilipopanda Maharaji alishusha sauti yake mpaka ikaisha, na sisi tukasimama tu, moto unapumua katikati. Sijui tulisimama muda gani. Katika kumbukumbu yangu bado tumesimama.

Tulipopanda basi mama mkwe alinipa mgongo, akatazama dirishani mpaka mpakani. Nikajua nimeanza ndoa vibaya. Tulipokuwa tunangojea mihuri akaniuliza, "Dada yako anapenda rangi gani?" Nikasema sijui. Akasema, "Unaishi duniani na dada na hujui rangi yake?" Anataka kukununulia kitambaa. Niandikie rangi upesi, kabla hajachagua mwenyewe.

Mdogo wako kabisa,
Jigna


Buyenzi, 6 Julai 2025

Jigna, mdogo wangu,

Kiangazi kimeshika. Milima ya Kongo imepotea ndani ya ukungu wa vumbi, ziwa na mbingu vimekuwa kitu kimoja, rangi ya maziwa. Mama anakuombea dua. Mafuta ya kuchua alijua siku nyingi kwamba hayakutoka sokoni. Anasema yanamfaa, ulete mengine.

Mwambie mama mkwe wako napenda kijani kibichi. Mwambie pia sina kinyongo. Mtu akiingia nyumba asiyoelezwa, atajikwaa.

Kuhusu zile nafaka, nami nilikuwa na wasiwasi. Jioni ile nilimuuliza Mama kama nimekosea. Akasema, "Umemwekea mdogo wako chakula mkononi anapoondoka. Hayo mengine yao anayajua Mungu." Nikaridhika.

Wewe ulishaondoka, kwa hiyo hukuona yaliyofuata. Wageni walikwenda, Komanda akabaki kama alivyoahidi, amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, anakula sambusa za harusi. Mi nilisimama pale mpaka makaa yakawa mekundu, kisha kijivu. Mafundi walikuwa wanarudisha bidoni zao mojamoja. Komanda akaweka kiganja juu ya majivu, akaitikia kwa kichwa kwamba yamepoa, akanipa mkono kama anavyompa mkubwa mwenzake, akaenda zake.

Baba alikuwa bado kitini. Mtumishi alileta gari kumrudisha Asiatique. Baba hakusimama. Alikuwa anamtazama Mama, ambaye siku nzima alikuwa hajamsemesha, anakusanya vikombe.

"Mwantum," akasema. "Naweza kukaa?"

Mama hakugeuka. Alisuuza kikombe alichokuwa nacho, akakisuuza tena, na mi niliona mabega yake yanatikisika, sijui ni kilio au ni nini.

"Si umeshakaa?" akamjibu.

Gari likaondoka tupu.

Tangu siku hiyo yupo. Analala chumba cha uani alicholala marehemu mjomba. Usidhani yamerudi ya zamani. Mama anamkaripia kutwa, anamwambia amemzibia njia ya jikoni, na hajamsamehe, amemwambia hivyo mbele yangu. Lakini kiti cha Baba anakihamisha yeye mwenyewe jua linapohama. Alasiri wanakaa, Mama anachambua mchele, Baba anamwelekeza vijiwe vya kutoa, ingawa yeye Baba mwenyewe havioni vizuri. Wakati mwingine Baba anatafuta neno, linamkimbia, Mama anampa. Nikitoka dukani nasimama mlangoni kidogo kabla ya kuingia, niwasikilize.

Nyumba ya Asiatique tumeifunga, funguo ninazo mimi. Nguo zako za utotoni nimezileta huku, ziko kabatini kwangu.

Anataka kuisikia sauti yako. Piga simu, sema naye Kiswahili, polepole, na usiogope akinyamaza. Nami nitakuwa karibu, nitapokea akichoka. Na siku ukija, ukimpata mtu wa teksi usimwambie Asiatique. Mwambie unakwenda nyumbani kwenu, Buyenzi, kwa Mama Mwantum.

Dada yako,
Assia